Ya Tatu Ilijibu Nipo

9 Januari

Kwako mke mwenzangu,

Wewe mtoto huna haya. Mwaka mmoja na miezi miwili sijaona uso wako, na usiniambie habari ya kazi. Kazi naijua, nimeifanya tangu mama yako hajaota meno. Ungekuwa umefungwa ningekuletea sabuni. Ungekuwa umeolewa mbali ningemtukana mumeo. Lakini uko umbali wa basi moja la kutwa, huna mume, huna kesi, na bado huji. Sasa mimi nikuchekee?

Na simu zako nimezichoka. "Bibi hujambo, mimi sijambo, nitakupigia baadaye." Baadaye gani hiyo isiyofika? Ndiyo maana nimemwita fundi cherehani wa hapa jirani, yule aliyekushonea sare ya shule ikakubana kwapa mpaka ukalia. Mimi nasema, yeye anaandika. Shule sikwenda, lakini mdomo ninao, na nimemwonya asinipunguzie neno wala asinipambe. Nitamwambia anisomee upya, nimkamate.

Hapa hatujambo. Mama yako mdogo amejifungua tena, wa kike, kichwa kama cha marehemu babu yako, tumwombee nywele ziote haraka. Mjomba wako amejenga choo kipya ila mlango haufungi, kwa hiyo ukiingia inabidi uimbe ili watu wajue mna mtu. Mjomba mwenyewe anaimba vibaya sana. Mashine zangu za unga zinasaga zote tatu.

Sasa shida yangu. Watu wananiuliza, mjukuu wako anafanya kazi gani? Nasema ya kompyuta. Kompyuta gani? Nasema za mawinguni, maana ndivyo ulivyoniambia. Juzi muuza mkaa alicheka mpaka akakaa juu ya gunia lake mwenyewe. Sitaki kuchekwa na mtu mwenye uso mweusi kwa vumbi la mkaa. Niandikie, kwa karatasi, polepole, kazi yako ni nini hasa. Usiseme sitaelewa. Nimekulea wewe, kipi kigumu kuliko hicho?

Bibi yako


27 Januari

Shikamoo bibi,

Nimeipata barua yako na nimestahili kila neno. Msalimie fundi cherehani, mwambie kwapa limepona. Mwambie mama mdogo hongera, na mjomba aweke komeo.

Mimi sijambo. Nimehamia chumba chenye dirisha linalotazama ukuta, lakini ni ukuta safi. Kazini wamenipa uongozi wa zamu yetu, tuko wanne. Ninayekaa naye meza moja ni jamaa mmoja mrefu tunamwita Twiga, mpole, anakula karanga siku nzima.

Sasa kazi. Bibi, mtu akitaka miadi ya daktari siku hizi anatuma ombi kwa simu. Maombi hayo yanatoka hospitali nyingi na yote yanakuja kwetu. Ni mamia kwa siku, na mengi huja kwa mkupuo. Kompyuta moja haiwezi kuyapokea peke yake, itaelemewa na kuzima. Kwa hiyo tunazo nne, tunaziita seva. Wala hatukuzinunua, tumezikodi katika jumba kubwa la watu wengine lililojaa kompyuta, ambalo sijawahi kuliona kwa macho. Hilo ndilo wanaloliita wingu. Muuza mkaa acheke tu.

Mbele ya seva zote nne pana programu moja inakaa kama mlangoni. Tuiite mgawa mzigo. Ombi likija, yeye ndiye anayeamua: wewe nenda ya kwanza, wewe ya pili. Akiona moja imejaa, anapeleka kwa ile yenye nafasi. Na kila baada ya sekunde kumi anaiuliza kila seva, "Upo?" Seva inajibu, "Nipo." Isiyojibu, haipelekewi mtu mpaka ipone.

Mgawa mzigo huyo nimempanga mimi, bibi. Lile swali la "Upo?" nimeliandika mimi. Jana tu nilitazama, zote nne zinajibu Nipo, na ya tatu siku hizi inakwenda mbio kuliko wenzake, mgawa mzigo anaipenda, anaipelekea watu wengi zaidi. Nilifurahi kama mama anayesifiwa mtoto.

Nitakuja. Najua nimesema hivyo mara nyingi.

Mjukuu wako


16 Februari

Mke mwenzangu,

Marahaba. Barua yako fundi amenisomea mara mbili, ya pili mbele ya muuza mkaa. Amenyamaza. Hiyo ni furaha yangu ya mwezi huu.

Kumbe kazi yako ni yangu! Miaka thelathini na moja nimekaa mlango wa mashine ya kusaga nikigawa watu. Wewe mwenye debe, nenda mashine ya kwanza. Wewe mwenye magunia sita, kaa hapo, usinijazie foleni. Hata mama yako mzazi akija na ungo wake anasimama nyuma ya wageni, na ananijua, hajaribu. Mambo haya ungeniuliza mimi, wasingekusumbua chuoni miaka minne.

Ila kitu kimoja hakikuniingia. Unasema mgawa mzigo anauliza "Upo?" na mashine inajibu "Nipo." Basi? Ndiyo yamekwisha? Mimi siulizi mashine kama ipo. Naisikia inanguruma, najua ipo. Mimi naweka mkono chini ya mdomo wake, unga unanidondokea, naupekecha kwa vidole. Ukiwa chenga, nyundo za ndani zimeisha. Ukiwa wa moto, mashine inaumwa. Na ikiwa hakitoki kitu, basi hata ingurume vipi ni kelele tu. Tena mashine isiyo na kitu tumboni ndiyo inayokwenda mbio, maana haisagi. Huyo wa kwako anapekecha nini?

Sasa habari ya kuudhi. Tarehe kumi na mbili nilikwenda hospitali ya macho. Kitu kidogo tu, usiulize. Fundi alinisaidia kuomba miadi kwa simu tarehe ishirini na nne mwezi uliopita, tukachagua siku, simu ikajibu: Limepokelewa, karibu. Nikapanda basi alfajiri. Kufika dirishani, dada wa watu anatafuta, anatafuta, "Mama, jina halimo." Nikamwonyesha simu. "Naona mama, ila kwetu halimo." Tulikuwa wengi tusiomo. Palikuwa na mzee fundi seremala amejifunga kitambaa jichoni. Palikuwa na mama mmoja na mtoto wa kama miaka mitatu, jicho la mtoto lina weupe katikati kama tone la maziwa. Yule mama hakupiga kelele. Alikunja tu kadi yake, akaikunja tena, akaikunja tena mpaka haikunjiki. Nimepewa siku nyingine mwezi wa tano.

Wewe si uko huko huko? Waulize wenzako nani anameza majina ya watu.

Bibi yako

(Mimi fundi cherehani naongeza hapa chini bila ruhusa. Si kitu kidogo. Bibi anamimina chai nje ya kikombe. Juzi aliuamkia mti wa kuanikia nguo akidhani ni mtu. Anaficha. Usimwambie nimesema.)


21 Machi

Wewe,

Wiki tano. Barua imefika, dereva wa basi kaniapia alikukabidhi mkononi. Nimepiga simu mara nne, "Bibi niko kwenye kikao." Kikao gani hicho mnakaa mwezi mzima, mnaatamia mayai?

Nimekulea na najua ukimya wako. Ukivunja kitu ulikuwa hulii wala hukimbii, ulikuwa unafagia. Ukikuta ua limefagiliwa bila mtu kutumwa, nenda katazame kabatini. Sasa naona umefagia sana.

Umevunja nini?

Bibi yako


29 Machi

Shikamoo bibi,

Fundi, tafadhali isome barua hii mkiwa wawili tu.

Ni mimi ninayemeza majina.

Bibi, niliposoma habari ya mkono chini ya mdomo wa mashine nilikuwa nimeshajua. Tarehe ishirini na moja Januari tulibadilisha ufunguo, yaani neno la siri, wa daftari kuu, mahali ambapo majina yote ya miadi huandikwa. Twiga ndiye aliyebadilisha, katika seva zote nne. Ya tatu ufunguo haukushika. Kuanzia hapo ikawa inapokea ombi, inajibu "Limepokelewa," halafu haiandiki popote. Mgawa mzigo kila sekunde kumi anaiuliza, "Upo?" Nayo inajibu, "Nipo." Kweli ilikuwapo. Na kwa kuwa haikuwa na kazi ya kuandika, ilikuwa na nafasi kuliko wenzake, kwa hiyo akazidi kuipelekea watu. Hiyo ndiyo niliyokusifia kwenye barua. Siku ile ile ninayoandika sifa, ilikuwa inameza.

Ilichukua siku tisa. Ikazimwa tarehe thelathini kwa sababu nyingine kabisa, ikawashwa, ikapona yenyewe. Mimi ndiye niliyegundua baadaye. Mkuu wetu akataka taarifa, nikaiandika mimi. Nimeandika kwamba hitilafu ilikuwa ya saa moja, na sababu ni ufunguo uliobadilishwa bila uangalifu. Swali langu sikulitaja. Twiga aliwahi kuniuliza mwaka jana, "Hili swali lako linatosha kweli?" Nikamwambia linatosha, nikipata muda nitaliboresha. Kwenye kikao hakulisema hilo. Alinitazama tu. Mkataba wake unaisha mwisho wa Aprili na nasikia hawatauendeleza.

Nilijiambia watu wataomba upya, basi. Kisha ikaja barua yako.

Mgawa mzigo anaweka orodha ya kila namba ya simu iliyopita mlangoni na alikoipeleka. Nimeifungua. Waliopelekwa kwa seva ya tatu siku zile tisa ni elfu moja mia tatu na kumi na wawili. Namba yako ni ya mia sita na kitu. Niliitambua kabla sijamaliza kuisoma.

Najua kuhusu chai, bibi, usimkasirikie fundi. Nimezungumza na mtu ninayemfahamu pale hospitali ya macho. Amekupatia nafasi tarehe nne Aprili, saa tatu asubuhi. Usipange foleni, uliza tu ofisi ya msimamizi. Daktari wao nimeongea naye. Anasema ikiwa ni presha ya jicho, kinachopotea hakirudi, na kila wiki ina maana yake. Tafadhali nenda. Hayo mengine nitajua la kufanya.

Mjukuu wako


31 Machi

Mke mwenzangu,

Marahaba.

Fundi alisoma, tukakaa. Chai ikapoa. Nimekukasirikia jana kutwa, leo nimebakiza kidogo, kwa hiyo nasema sasa kabla hasira haijaisha.

Tarehe nne siendi.

Usianze. Nisikilize. Yule mtoto mwenye tone la maziwa jichoni, naye umemwombea tarehe nne? Seremala mwenye kitambaa, naye anauliza ofisi ya msimamizi? Hujui hata majina yao, wala mimi siyajui. Walikaa benchi moja na mimi, tukagawana karanga za yule mama. Sasa mimi nipite kwa mlango wa nyuma kwa sababu aliyewameza ni mjukuu wangu? Nikirudi hapa mlangoni kwangu nitamwambia nani, "Wewe, rudi nyuma, panga foleni"?

Fundi ameacha kuandika, anasema bibi, macho ni yako. Nimemwambia andika.

Jicho linaniuma, sikudanganyi tena. Upande mmoja ni kama natazama ndani ya bomba. Naogopa. Nimezika mume na watoto wawili, sikuogopa hivi. Lakini woga wangu usiutumie kujifichia. Umenitafutia nafasi mimi ili upate kulala, na wale elfu moja na mia tatu wabaki gizani, wadhani walikosea wao kubonyeza. Yule mama alipokuwa anakunja ile kadi alikuwa anasema peke yake, "Labda sikubonyeza vizuri." Hilo ndilo ulilowafanyia. Kupoteza jina ni kosa, mashine huharibika, mimi mwenyewe niliwahi kumsagia mtu mahindi yaliyochanganyika na mchanga. Lakini nilimwita, nikamwambia mchanga ni wangu. Alinitukana vizuri sana. Tukasaga upya.

Na huyo Twiga. Mtu amekaa kimya akikungoja useme mwenyewe, na wewe unamtazama akila karanga zake huku umemwandikia kosa lako. Babu yako angekuwa hai ungemwambia nini?

Umesema orodha ipo. Orodha hiyo inakaa milele? Maana nakujua, utangoja mpaka ijifute.

Ukiwapigia wote, nitakwenda. Zamu yangu ikifika nitakwenda, hata kwa kutambaa. Isipofika, nangoja siku yangu ya mwezi wa tano, na macho yakiisha yameisha, utaniongoza chooni kwa mjomba wako na tutaimba wote wawili.

Nakupenda. Hilo halina foleni.

Bibi yako

(Mimi fundi. Amelia baada ya hapo. Ameniambia nisiandike, nimeandika. Fanya haraka.)


10 Aprili

Shikamoo bibi,

Orodha hujifuta baada ya siku tisini. Namba za siku ya kwanza zingeanza kufutika tarehe ishirini na moja mwezi huu. Ulinijua.

Barua yako ilinifikia tarehe mosi, saa nne asubuhi, nikiwa kazini. Niliisomea kwenye ngazi. Kisha nikapanda kwa mkuu wetu, na bibi, nilikuwa nimejiandalia maneno mazuri, yakapotea yote. Nikamwambia: taarifa niliyoandika si ya kweli. Hazikuwa dakika sitini, zilikuwa siku tisa. Ufunguo aliubadilisha mwenzangu lakini swali ni langu. Swali lingekuwa la maana, ile seva ingetolewa mlangoni ndani ya sekunde kumi na hakuna ambaye angeumia. Mwenzangu aliniuliza na mimi nikampuuza.

Akaniuliza, "Kwa nini unaniambia leo?" Nikasema, "Kwa sababu bibi yangu amekataa kwenda hospitali." Hakuelewa. Nikampa barua yako. Aliisoma mpaka chini, hata maneno ya fundi. Akaivua miwani yake, akaifuta, akasema nimwite Twiga.

Twiga aliambiwa mbele yangu. Hakushangilia. Alisema neno moja tu, "Umechelewa." Kisha akavuta kiti, akaomba nusu ya orodha.

Tunapiga simu, bibi. Sisi wanne pamoja na watu wa hospitali tano. Kwa zamu, kama walivyoingia mlangoni, wa kwanza kwanza. Wengine wanatukana. Mzee mmoja alinishukuru kwa dakika nzima na hilo lilikuwa baya kuliko matusi. Wengine hawapatikani. Mwanamke mmoja alisema aliyeombewa miadi ameshafariki, si kwa ugonjwa ule, alisema, lakini sikuweza kupiga namba iliyofuata mpaka Twiga aliponisogezea maji. Hospitali ya macho imekubali kufungua Jumamosi kwa ajili ya watu wa orodha. Yako bado haijafika. Sijaisogeza. Kila nikipita karibu nayo naisoma upya, ila sijaisogeza.

Uongozi wa zamu nimevuliwa. Nimebaki kazini kwa miezi sita ya kuangaliwa. Mkataba wa Twiga unashughulikiwa, kwangu hasemi mengi.

Swali nimeliandika upya. Mgawa mzigo sasa haulizi "Upo?" tu. Anaiambia kila seva: andika jina hili la majaribio kwenye daftari kuu, kisha unisomee ulichoandika. Ikishindwa kusoma, haipelekewi mtu. Na nimeongeza kengele: seva ikianza kwenda mbio kuliko wenzake bila sababu, tunaamshwa sisi tukaitazame. Twiga aliuliza nimelitoa wapi wazo hilo. Nikamwambia, kwa mtu mwenye unga vidoleni.

Bibi, nimeogopa kukuuliza unaonaje. Nauliza.

Mjukuu wako


6 Mei

Mke mwenzangu,

Marahaba, marahaba mara mbili. Aliyechelewa kujibu safari hii ni mimi, najua, kwa hiyo usinirushie maneno.

Huku wazima. Kichwa cha mtoto wa mama yako mdogo kimeota nywele, hamdulilahi, anaonekana mtu. Mjomba wako ameweka komeo, sasa anajifungia humo na redio, tumepata tabu mpya. Muuza mkaa ameomba nikuulize kama hilo wingu lako linahitaji walinzi.

Simu yangu ililia tarehe kumi na saba Aprili. Mwanamume, sauti nzito, anasema polepole. Akaniita mama, akasema miadi yangu ilipotezwa na mashine yao na si kwa kosa langu. Alilisema hilo kwanza kabla ya kitu kingine: si kosa lako, mama. Nikamuuliza, wewe ni yule mrefu? Akasema, "Ndiyo, bibi." Nikamwambia akusamehe akipata nafasi, asijilazimishe. Akacheka kidogo. Nadhani ana meno mazuri.

Nikaenda Jumamosi iliyofuata. Tulikuwa wengi, majina yote yamo. Seremala sikumwona. Lakini yule mama nilimwona, ameshafika kabla yangu. Mtoto wake alikuwa amefungwa kitambaa jicho moja, anasukuma kifuniko cha chupa sakafuni na kugonga miguu ya watu. Mama yake anasema wameahidi kitu, hakutaka kukitaja kwa sauti. Tulikaa pamoja. Safari hii karanga zilikuwa zangu.

Daktari ni binti mdogo, mikono baridi, alinitazama muda mrefu na taa yake. Akaniuliza lilianza lini. Nikamwambia. Akauliza kwa nini sikuja mapema. Nikasema nilikuja, jina halikuwamo. Akaandika.

Fundi anataka kuongeza maneno yake hapa, nimemkataza. Nitasema mwenyewe. Jicho la kulia limekwenda. La kushoto wamelishika, nimepewa dawa ya kudondosha asubuhi na jioni na wanasema likitunzwa litanifikisha. Nilimuuliza yule binti, ningeonwa Februari ile lingepona? Akasema huenda lingepona, huenda lisingepona, hakuna anayejua. Mimi nimechukua hilo la hakuna anayejua. Na wewe lichukue hilo hilo, usiende kutafuta jingine. Na ile tarehe nne Aprili usiitaje kwangu. Niliichagua mimi, na leo ningeichagua tena.

Nimelisema mara moja, silisemi tena, na kwenye barua usiliweke. Usinitumie pole za karatasi. Mlangoni kwangu bado nagawa watu, mashine zinasaga, unga naupekecha kwa vidole, vidole havijaumwa.

Umesema kwenye simu una likizo mwezi wa saba. Panda basi. Usilete zawadi, usilete miwani, usilete uso wa msiba. Ukishuka utanikuta nimekaa pale pale kwenye kiti changu. Usinijie kwa upande wa kulia ukanishtua kama mwizi. Zunguka uje kushoto, usogeze kigoda, ukae palipo na mwanga, na usiseme neno kwanza. Nataka nikutazame.

Bibi yako